Nilivyolisha Kelpi Kwenye Bluff

Siku yangu ya kwanza kazini, mwaka 2008, nilikwenda na viatu vya kanisani. Niliambiwa tu kwamba ni kazi ya maabara, na maabara niliyoijua mimi ilikuwa na sakafu ya vigae na watu wa makoti meupe. Taxi iliniacha juu ya Bluff, kilima cha pwani ya Durban, nikashuka kwa miguu njia ya mchanga mpaka kwenye jengo la bati linaloitazama bahari kubwa. Ndani nikakuta maji kila mahali: kwenye matangi, kwenye mabomba, sakafuni. Meneja, mzungu mrefu kutoka Cape, alinitazama miguu kwanza, kisha uso.

"Mama, hapa tunavaa mabuti," akasema kwa Kiingereza.

Sikuwa nayo. Mzee mmoja wa Kizulu, aliyekuwa amepiga magoti mbele ya pampu, aliinuka, akaingia stoo, akarudi na mabuti yake ya akiba. Yalikuwa namba tisa, na mimi navaa tano. Nilitembea siku nzima kama bata, na yeye kila nilipopita alijitahidi asicheke. Huyo alikuwa Bab' Mthembu, mtunza pampu.

Nilikuwa na miaka hamsini na mitatu. Kwetu Uvira, kando ya Ziwa Tanganyika, nilikuwa nimefanya kazi muda mrefu katika farmasi ya hospitali, preparatrice kama tulivyosema kwa Kifaransa: mtu wa kupima unga wa dawa, kuuchanganya na kuuandikia lebo. Vita vilipotutoa, nilifika Durban na binti yangu Furaha, nikapata kazi ya kufagia nywele katika saluni ya Mama Chantal, mwanamke wa kwetu. Mteja mmoja wa saluni ndiye aliyesema kwamba kule Bluff wanatafuta mtu mwenye mkono usiotetemeka. Nilikwenda bila kujua kelpi ni kitu gani.

Basi niwaeleze ninyi vijana mnaoniuliza. Kelpi ni mwani mkubwa wa kahawia. Ule wa Afrika Kusini una shina refu kuliko nyumba, na majani yake yanaelea juu ya maji kama mikanda ya ngozi. Makao yake ni bahari ya Cape, ambako maji ni baridi ya kuuma mifupa. Wenye kampuni yetu walitaka kuuotesha karibu na mashamba ya pwani yetu ya kusini, yanayofuga konokono wa bahari waitwao perlemoen, kwa sababu konokono hao hula kelpi kama ng'ombe alavyo majani. Watu wengi waliwaambia kwamba kuotesha kelpi Durban ni kichaa. Bahari yetu ni ya vuguvugu, samawati, nzuri kwa macho, lakini ni maskini. Maji ya Cape hupanda kutoka kilindini yakiwa yamebeba chakula. Ya Durban ni mchuzi usio na nyama.

Kwa hiyo tulifanya mambo mawili. Tuliyapoza maji kwa mashine ya baridi mpaka nyuzi kumi na tano, na chakula tukakitia kwa mikono yetu.

Mwezi wa kwanza niliosha matangi tu. Mwezi wa pili Daktari aliniona nikiosha chupa za maabara, nikazisuuza mara tatu na kuzipindua juu ya kitambaa safi bila kuambiwa. Daktari alikuwa mwanamke wa Kihindi aliyezaliwa Durban hapahapa, mtaalamu wa mwani, mdogo kwangu kwa miaka ishirini. Akaniuliza nilijifunza wapi. Nikamwambia. Akaniambia, "Kesho usishike brashi. Njoo chumba cha mbegu."

Chumba cha mbegu kilikuwa kidogo, cha baridi, chenye mwanga hafifu. Kutoka Cape yaliletwa majani ya kelpi yaliyokomaa, yamefungwa kwenye masanduku ya barafu. Juu yake kulikuwa na mabaka meusi zaidi, na humo ndimo zilimokaa mbegu. Tuliyafuta mabaka, tukayafunga katika karatasi, tukayaacha yapate kiu. Kesho yake tukayatumbukiza katika maji baridi ya chumvi, na baada ya dakika chache maji yakageuka rangi ya chai. Ile rangi ni mbegu zenyewe, maelfu kwa maelfu, zinaogelea. Mara ya kwanza nilipoziona kwa hadubini nilisema kwa sauti, "Yezu wangu!" Daktari akacheka. Maji hayo tuliyamimina juu ya mabomba ya plastiki yaliyozungushiwa uzi. Mbegu zilishika uzi na kuwa mimea midogo sana, mingine ya kiume, mingine ya kike, isiyoonekana kwa jicho. Hiyo ilikaa wiki kadhaa ikila, ikioana, mpaka siku moja uzi ukaota manyoya ya kahawia. Hayo manyoya ndiyo kelpi.

Chakula chake kilikuwa kazi yangu. Mwani hauna mdomo wala mzizi wa kula. Unakula kwa mwili wote, ndiyo maana maji lazima yatembee. Tuliupa nitrati ili upate rangi, na ukikosa nitrati unapauka kama mtoto mwenye utapiamlo. Tuliupa fosfati. Tuliupa chuma kidogo sana, kimechanganywa na dawa ya kukishika kisizame na kuwa kutu, maana bila chuma wale wadogo hawazai. Tuliupa vitamini. Nilipima vyote kwa sirinji na mizani, na nawaambia kweli, asubuhi zile nilikuwa na furaha. Nilikuwa nimedhani mikono yangu imekufa Uvira.

Iliyobaki ni dawa tuliyoiita jermani, ya unga mweupe ulioyeyushwa. Hiyo haikuwa chakula. Ndani ya maji ya bahari kuna vijimea vingine vidogo vyenye ganda kama kioo, ambavyo vikipata chakula chako vinafunika uzi wote na kuzisonga kelpi changa. Jermani inaviua. Lakini ikizidi, inaziua na kelpi changa pia. Kwa hiyo Daktari aliitia yeye mwenyewe.

Bab' Mthembu alikuwa na utaalamu wake. Hakutazama mita za pampu, alizisikiliza. Angeweza kuwa anakula mkate wake nje, kichwa kikainuka, akasema, "Eish, namba mbili ina hewa," na kweli ukienda unakuta mapovu. Saa nne kila siku nilichemsha chai, tukainywa tumekaa juu ya ndoo zilizopinduliwa. Alinifundisha Kizulu, nami nikamfundisha Kiswahili cha kwetu. Mwaka ule wa kwanza haukuwa mwepesi kwa wageni; mitaani walikuwa wanapigwa na kufukuzwa. Kuna majuma tuliogopa hata kuongea Kiswahili ndani ya taxi. Siku moja ya majuma hayo Bab' Mthembu alipanda nami mpaka mjini, akangoja nipate taxi ya Berea, mtaa niliokaa, ndipo akageuka kwenda kwake.

Sasa nifike mahali ambapo ningependa kuruka.

Mwaka wa pili, Daktari alisafiri kwenda Cape kuchagua majani mapya. Chumbani tulikuwa na mabomba arobaini ya mbegu changa, kazi ya msimu mzima. Aliniachia karatasi iliyobandikwa kwenye chupa ya jermani, yenye mwandiko wa haraka, ya kipimo kwa kila lita. Niliona tano. Mbele ya tano kulikuwa na kitone. Nilikisugua kwa kidole, hakikutoka.

Kwenye farmasi tulifundishwa kwamba nusu haiandikwi kamwe kwa nukta peke yake. Unaandika sifuri, kisha nukta, kisha tano, ili mtu asije akameza mara kumi. Nilijua hilo. Nilijua pia kwamba ukitilia shaka kipimo, unauliza. Nilitoka mpaka mlango wa ofisi ya Meneja, nikainua mkono kubisha.

Lakini jana yake tu Meneja alikuwa amenikuta nikisoma lebo polepole, akaniuliza, "Mama, kweli unasoma Kiingereza, au unakisia?" Alikuwa anatania. Mimi, niliyepima dawa za watoto wachanga hospitali nzima, utani ule uliniingia kama mwiba. Nikashusha mkono. Nikajiambia, tano ni tano, mbona nitrati pia tunatia tano? Nikarudi, nikapima mililita tano kwa kila lita, kwa mkono usiotetemeka.

Jumamosi iliyofuata umeme ulikatika mchana. Mashine ya baridi ikazima kwa saa tatu hivi. Bab' Mthembu ndiye aliyekuwa zamu. Umeme uliporudi aliiwasha, akaandika kwenye daftari kila kitu: saa iliyozima, saa iliyowaka, maji yalipanda mpaka nyuzi ishirini na moja. Angeweza kuandika kumi na saba na hakuna ambaye angejua.

Jumatatu Daktari alirudi. Aliweka uzi wa kwanza chini ya hadubini, akaweka wa pili, akaweka wa tatu. Mimea ilikuwa imepauka, imepasuka. Arobaini yote.

"Mama Furaha, jermani uliitia kiasi gani?"

"Kama ulivyoandika, Daktari."

Aliitikia kwa kichwa tu, akaendelea kutazama. Meneja alikuwa ameshafungua daftari la mashine. Wenye kampuni walikuwa wanapiga simu, wanataka jibu, na jibu lilikuwa pale, limeandikwa kwa kalamu ya Bab' Mthembu mwenyewe. Nyuzi ishirini na moja.

"Saa tatu hazitoshi kuua zote," Daktari akasema.

"Basi ni nini?" Meneja akauliza. Nami nilikuwa pale, nimeshika ndoo.

Jioni ile Bab' Mthembu aliambiwa asije tena.

Kesho yake niliiinua chupa ya jermani kwenye mwanga, nikaona jinsi ilivyoshuka. Nikafungua daftari la zamani la Daktari, nikatafuta kipimo. Kulikuwa na sifuri, nukta, tano, imeandikwa kwa utulivu. Nilikaa chini sakafuni, majini.

Nilinyamaza siku tisa. Sitajipamba. Mtu mmoja tu nilimwambia, Mama Chantal, Jumapili baada ya ibada.

"Wee, nyamaza," akaniambia, ameshika mkono wangu kwa nguvu. "Uko mgeni. Watu wakijua Mcongomani ameharibu kazi, mwenye nchi akafukuzwa, unafikiri watafanya nini? Iko Furaha. Fikiria Furaha."

Na alikuwa na haki ya kuogopa. Nilimfikiria Furaha. Kila asubuhi nilikwenda Bluff nikafanya kazi yangu na ya Bab' Mthembu pia. Sikujua kuzisikiliza pampu. Saa nne ikifika, sikuchemsha chai.

Siku ya tisa alikuja kuchukua koti lake na vifaa vyake. Nilimwona kwenye mlango nikadhani amekuja kuniambia amejua. Alinisalimu vizuri, akauliza habari za Furaha. Kisha akanipeleka kwenye pampu moja baada ya nyingine, mimi nyuma yake, akanionyesha.

"Hii hapa, Mama, ukisikia inalia nyembamba, fungua hapa, toa hewa. Hii usiifunge ghafla. Hii ya mwisho imezeeka kama mimi, usiigombeze." Akafunga mfuko wake. "Ninakwambia wewe kwa sababu wewe unazijali hizi mbegu. Usiache zife tena. Sharp, Mama, baki salama." Akaondoka kwa miguu kupanda njia ya mchanga.

Wakati ule ndio nilipaswa kumkimbilia. Miguu haikusogea.

Asubuhi iliyofuata nilibisha mlango wa Meneja, safari hii nikabisha kweli. Daktari alikuwa ndani. Nikaweka mezani chupa, karatasi na daftari.

"Mimi ndiye niliyeziua," nikasema. "Si mashine. Nilitia mara kumi. Niliona nukta, nikaogopa kuuliza."

Meneja aliinua karatasi, akaisoma. "Uliogopa nini?"

"Ungesema sijui kusoma."

Uso wake ukawa mwekundu mpaka masikioni. Sikujua kama ni hasira au ni kumbukumbu ya utani wake. "Siku kumi, Mama," akasema hatimaye. "Siku kumi umeniacha nimtese yule mzee."

"Ndiyo, Meneja."

Daktari aliivuta karatasi, akaigeuza upande wake. "Sifuri haipo," akasema. "Hii ni yangu. Niliandika nimesimama, na mfuko begani. Ukimfukuza Mama, nifukuze na mimi."

Hakutufukuza. Nilitolewa chumba cha mbegu miezi sita, nikarudi kwenye brashi na matangi, na ilikuwa haki. Siku ileile Meneja aliwasha gari, akaenda Umlazi mwenyewe kumtafuta Bab' Mthembu nyumbani kwake. Keshokutwa yake niliposikia mtu anakohoa nyuma ya pampu nilijua amerudi. Alinisalimu, "Sawubona, Mama." Nikaitikia. Saa nne nilichemsha chai, nikampa kikombe, akashukuru, akakinywa amesimama kwenye pampu zake.

Nilidhani Meneja amemwambia kila kitu. Nilijiambia kwamba nimekwisha kuungama, basi yamekwisha.

Miaka iliyofuata ndiyo ninayoikumbuka kwa moyo mweupe. Nilirudishwa chumba cha mbegu, na kuanzia siku hiyo hakuna kilichoandikwa mle bila sifuri mbele. Mwaka 2011 kelpi zetu zilitoka kwenye uzi, zikahamia matangi makubwa ya nje, chini ya kivuli cha neti. Huko nilizilisha kwa ndoo badala ya sirinji. Nilijifunza kuisoma njaa yao. Ncha zikipauka, zinataka nitrati. Zikiwa na rangi ya kahawa iliyokaangwa vizuri, ziache. Siku tuliyopata jani la kwanza refu kuliko mkono wangu, Meneja alilivaa shingoni kama skafu, akacheza dansi kati ya matangi, mzungu mzima na mabuti yake, na Daktari akapiga makofi mpaka akalia. Lori lilikuja, tukapakia kreti za kelpi kwenda kwa konokono wa pwani ya kusini. Aliyeshika usukani alituambia baadaye kwamba konokono walipanda juu ya majani kabla hajamaliza kuyamwaga. Nilijivunia kama mama aliyeambiwa watoto wamemaliza sahani.

Bab' Mthembu alikuwepo siku zote hizo. Alinirekebishia bomba, aliniletea magimbi ya shamba la mkewe, alimpa Furaha baraka alipoolewa. Lakini juu ya ndoo iliyopinduliwa hakukaa tena pamoja nami. Nilisema moyoni ni uzee, ni magoti.

Meneja wa kwanza alistaafu, akaja wa pili, kijana kutoka Johannesburg aliyependa kompyuta na hakupenda harufu ya mwani. Sikumlaumu. Mgao wa umeme uliporudi, gharama ya kupoza maji ikawashinda wakubwa. Mwaka 2015 waliamua kuihamishia kazi yote Cape, ambako bahari inapoza bure na kulisha bure. Kilichosemwa na watu mwanzoni kilikuwa na ukweli wake. Kelpi zilipakiwa kwenye lori la baridi, Daktari akaondoka nazo. Alinikumbatia, akaniachia hadubini ndogo ya mfukoni. Mimi nilikuwa nimefika sitini, sikutaka kuhama tena nchi ndani ya nchi.

Siku ya mwisho tulibaki wawili, Bab' Mthembu na mimi, kumwaga maji na kusafisha. Alizima pampu moja baada ya nyingine. Sikuwahi kulisikia jengo lile kimya. Tulisimama kwenye tangi kubwa tukitazama maji yakizunguka kwenye tundu.

"Mama," akasema bila kunitazama, "kwa nini ulimwambia Meneja, hukuniambia mimi?"

Nikamgeukia. "Ulijua?"

"Meneja alisema tu si mashine. Daktari ndiye aliyeniambia, asubuhi ileile niliyorudi. Mke wangu alisema niulize. Nikasema, hapana, atakuja mwenyewe. Kila siku nilisema, leo atakuja."

"Siku ile ulipokuja kuchukua koti, nilitaka."

"Nilikuona una neno. Nilikaa pale kwenye njia, juu, kidogo. Nilidhani utanifuata."

Nikalia, nikiwa mtu mzima wa miaka sitini, na brashi mkononi. Nikamwambia yote, polepole, kwa Kizulu changu kibovu, kwa Kiingereza, na palipoishia maneno, kwa Kiswahili. Nilimwambia kuhusu nukta, na mlango ambao sikubisha, na siku tisa, na jinsi nilivyomwona akipanda njia ile na miguu ikanikatalia. Nikasema, "Nisamehe, Baba."

Aliungoja mwisho wa maji. Kisha akapindua ndoo mbili, akakaa juu ya moja, na nyingine akaisukuma kwangu kwa mguu.

"Kaa, Mama," akasema. "Umesimama miaka mingi."

Sasa naishi na Furaha na wajukuu huku Berea. Wanafunzi wanaopanga vyumba Glenwood wananijia wakati mwingine, binti mmoja Mrundi hasa, anayesomea mambo ya bahari. Wananiuliza kuhusu nitrati, chuma, nyuzi za baridi, nami nawajibu kwa kadiri ninavyokumbuka. Nawaambia sayansi imesonga, wasinishike kwa kila neno. Nawapa hadubini ya Daktari, watazame. Na kabla hawajaondoka nawasimulia habari hii ya nukta, yote, pamoja na sehemu zinazonifedhehesha. Yule binti aliniuliza kama nilifundishwa adabu hiyo ya kuungama na kanisa au na hospitali. Nikamwambia, wala. Nilifundishwa na mtunza pampu aliyekaa miaka sita akinisubiri, na kila asubuhi akanisalimu.